Namna ya kudumu kama mwigizaji wa pembeni katika kisiwa ambako kila mtu anakujua

Nimekuwa baba wa bi harusi mara nne, sheha, yaani kiongozi wa mtaa, mara tatu, polisi mara mbili, kadhi mara moja na maiti mara moja. Steringi, yaani mhusika mkuu, sijawahi kuwa, na sasa nina miaka 58. Mchana nashona kanzu katika duka dogo la Mchangani, mjini Unguja. Kazi ya kuigiza huja inapokuja: siku mbili hapa, wiki moja pale, kisha miezi kimya. Vijana wanaokuja dukani kupimwa huniuliza wafanye nini ili waingie kwenye filamu, na karibu wote wana maana wafanye nini ili wawe steringi. Hao siwezi kuwasaidia. Haya nayaandika kwa ajili ya yule anayetaka kuigiza mpaka uzee wake, hata kama jina lake litapita la kumi na mbili wakati watu wameshanyanyuka kutafuta viatu.

Niseme mapema kwamba walimu wangu ni Wadenmark. Hawanijui, wala sijafika kwao.

Mpwa wangu ameolewa Aarhus. Mwaka mmoja alikuja kufunga Ramadhani nyumbani, Jang'ombe, akaleta diski za tamthilia iitwayo Forbrydelsen, maana yake "Jinai". Televisheni ya taifa ya kule, DR, ilianza kuionesha mwaka 2007, na msimu wa kwanza una sehemu 20. Baada ya tarawehe tulikuwa tunakaa kwenye mkeka, sehemu mbili kila usiku, yeye ananifasiria huku anamnyonyesha mtoto. Habari ni ya msichana aliyeuliwa, na steringi ni mpelelezi Sarah Lund, aliyeigizwa na Sofie Gråbøl. Mimi macho yangu yaligoma kukaa kwake. Yalikaa kwa mwenzake, Jan Meyer, aliyeigizwa na Søren Malling.

Meyer ameletwa kazini kuchukua nafasi ya Lund, kwa sababu Lund anahamia Sweden. Lakini Lund haondoki. Basi mtu huyu anaendelea, sehemu baada ya sehemu, kukaa kwenye kiti ambacho ni chake na bado si chake. Jambo hilo halisemwi kila mara, lakini unaliona mabegani mwake, unaliona akifungua mlango. Na karibu na mwisho Meyer anapigwa risasi na kufa. Mpwa wangu alilia, na mimi nilikaa pale na kijiko cha uji mkononi nikajiuliza: kwa nini tumlilie mtu ambaye habari hii si yake?

Nimelitafuta jibu la swali hilo miaka yote tangu usiku ule, na hayo niliyoyapata ndiyo ninayokupa.

Shida yetu na shida yao ni moja

Denmark ni nchi ya watu karibu milioni 6. Waigizaji wao wazuri ni wale wale. Tulipomaliza Jinai tukaangalia Borgen, iliyoanza mwaka 2010, na jina lenyewe maana yake ni ngome, kwani ndivyo wanavyoliita jumba lao la bunge. Hamadi! Malling yule yule, sasa ni Torben Friis, mkuu wa habari katika kituo cha televisheni. Na Lars Mikkelsen, aliyekuwa mwanasiasa Troels Hartmann katika Jinai, akatokea msimu wa tatu, mara hii ni mchumi. Nikamuuliza mpwa wangu, watu wa kule hawachoki kuwaona? Akasema, "Mjomba, kule unaweza ukamkuta anachagua viazi dukani kama wewe, na usiku unamwamini."

Sisi sensa ya 2022 ilituhesabu watu 1,889,773, Unguja na Pemba pamoja. Nikitokea kwenye televisheni nimevaa kofia ya sheha, kuna barza kumi mjini ambako mtu atasema, "Si huyu fundi aliyenishonea kanzu ya Idd?" Neno hilo likitoka tu, sini, yaani onyesho lile, imekufa. Hakuna mwanga wala kamera itakayoifufua. Steringi huokolewa na habari yenyewe, maana watu wanataka kujua yatamfika nini. Wewe wa pembeni una dakika mbili, na katika hizo mbili lazima umtoe mtazamaji kwa fundi kanzu umfikishe kwa sheha.

Mpe mtu wako kazi ya mikono

Hapa nitakaa kidogo, maana hapa ndipo nilipobadilika.

Niliwahi kupewa nafasi ya mzee mchuma karafuu. Maneno mawili tu: "Mvua haiji leo." Tuseme matatu. Kabla ya kwenda, nilijiona nimejitayarisha. Nilikuwa na kikoi cha zamani, nilikuwa na kikohozi cha mzee nilichokifanyia mazoezi wiki nzima. Kisha nikamkumbuka Meyer nikajiambia, huyu mzee maisha yake yote ameyapitisha chini ya mkarafuu, na mimi sijui hata kuchambua. Nikapanda meli mpaka Mkoani, Pemba, siku nne kabla ya wenzangu, nikashika gari ya Wete, nikafikia kwa binamu yangu.

Jirani yake kuna bibi mmoja. Wakati wa msimu baraza yake haionekani sakafu kwa karafuu. Nikamwomba anifundishe, akanisogezea pakacha. Nikaanza: nashika shada, nang'oa karafuu moja, naiweka, nang'oa nyingine, kwa ncha za vidole. Bibi akaniangalia kwa muda mrefu. Akasema, "Mwanangu, unazichambua kama unaziogopa."

Akanishika mkono. Shada unalishika kwa konyo lake mkono mmoja. Vichwa vya karafuu unavilaza juu ya kiganja cha mkono wa pili, unasukuma na kuzungusha kwa wakati mmoja, kitendo kimoja tu. Zinakatika zote pamoja kwa mlio mdogo, kama mtu anayevunja vijiti vyembamba ndani ya kitambaa. Karafuu zinaanguka mbele, konyo linatupwa pembeni bila ya kuangalia. Mkono haungoji jicho. Saa ya kwanza kiganja kiliniwasha. Siku ya pili vidole vilikuwa vimegeuka rangi na harufu ilikuwa haitoki kwa sabuni wala kwa ndimu. Siku ya tatu nikagundua kwamba nazungumza na bibi habari za mumewe marehemu huku mashada yanapita mikononi mwangu na sijui yamepita mangapi.

Siku ya kupiga picha kikohozi nilikiacha, maana hakikuwa na kazi tena. Nilikaa, nikachambua, nikanyanyua macho mara moja kuangalia mawingu, nikasema mvua haiji leo, nikaendelea. Mwongozaji akasema tusirudie. Na filamu ilipooneshwa Wete, binamu yangu aliwasikia watu wawili nyuma yake wakibishana kama yule mzee ni wa Konde au wa Micheweni. Sijapata sifa iliyonifurahisha kuliko hiyo.

Kwa hiyo hatua ya kwanza, kabla hujakariri hata neno moja: tafuta mtu wako anafanya kazi gani, kisha nenda kwa anayeifanya kweli ukaifanye mpaka mikono iache kukuuliza. Kama skripti haisemi kazi yake, mchagulie wewe, usimwambie mtu yeyote. Baba wa bi harusi wa tatu nilimfanya kuwa fundi saa. Hakuna aliyejua, lakini kila alipokuwa na wasiwasi alikuwa anasogeza vitu vidogo vya mezani vikae sawa.

Wadenmark hili wamelijua zamani. Wana tamthilia yao kubwa, Matador, sehemu 24, iliyoanza kuoneshwa mwaka 1978, habari za mji mdogo wa kubuni uitwao Korsbæk, kuanzia 1929 mpaka 1947. Humo kila mtu ana shughuli yake, na bila ya watu wa pembeni mji haupo. Buster Larsen ndiye Oluf Larsen, mchuuzi wa nguruwe. Mpwa wangu aliona haya kunifasiria hilo mwezi mtukufu. Mimi nikamwambia namwangalia mchuuzi, si bidhaa yake. Madalali wa ng'ombe nimewaona tangu mdogo, na yule bwana ningemtambua popote. Anaingia chumbani kama mtu aliyezoea kukisia uzito wa kila kilicho mbele yake.

Jifunze kusikiliza mpaka uchoke

Kazi ya mwigizaji wa pembeni, kwa sehemu kubwa, ni kusimama mbele ya mtu anayesema. Vijana wengi huitumia nafasi hiyo kungoja zamu yao, na kamera inawaona wakingoja.

Mwaka 2012 Malling alitoka pembeni akawekwa katikati. Filamu inaitwa Kapringen, maana yake utekaji wa meli, mwongozaji ni Tobias Lindholm. Nakuomba uitafute, maana bahari yake ni hii yetu. Meli ya Denmark imetekwa na maharamia wa Kisomali, na sehemu za melini zilipigwa baharini upande wa Mombasa, ndani ya meli iitwayo Rozen ambayo yenyewe iliwahi kutekwa kweli mwaka 2007. Malling ni mkuu wa kampuni ya meli, yuko ofisini Copenhagen, naye ameamua kuzungumza na maharamia yeye mwenyewe kwa simu. Wanataka dola milioni 15, yeye anaanza na 250,000. Filamu karibu yote yeye ni mtu na simu. Hana wa kumtazama, sauti tu inatoka kwenye kifaa juu ya meza, na wewe mtazamaji huondoi macho usoni mwake, kwa sababu anasikia kweli. Aliyefundishwa kusikiliza kwa miaka mingi ubavuni mwa wengine, siku alipopewa filamu nzima alikuja na kile kile alichokuwa nacho.

Na yule mshauri anayekaa naye ofisini, anayemwelekeza namna ya kujadiliana, ameigizwa na Gary Skjoldmose Porter, ambaye kujadiliana na maharamia ndiyo kazi yake hasa maishani. Mwongozaji alikwenda kumchukua mwenye mikono ya kazi hiyo. Unaona tunarudi pale pale kwa bibi wa Wete.

Zoezi langu la kusikiliza ni hili. Nenda Jaws Corner, barza ya kahawa ya Mji Mkongwe, baada ya alasiri, nunua kikombe cha kahawa, kaa. Patakuwa na mtu anasimulia, patakuwa na wanaosikiliza. Usimtazame msimuliaji. Chagua mmoja wa wasikilizaji umtazame yeye, na utafute hasa pale anapoelewa. Utaona kwamba mtu hangoji sentensi iishe. Habari inamfika katikati ya njia. Kidole kinasimama juu ya kete ya dhumna, au kikombe kinabaki hewani, na msimuliaji bado ana maneno sita ya kusema.

Sasa lichukue hilo ulipeleke kwenye skripti yako. Tuseme binti yako kwenye sini anakwambia: "Baba, yule kijana aliyekuja juzi na mjomba wake, kaondoka na boti ya alfajiri." Mwigizaji asiyejua atangoja mpaka "alfajiri", kisha atafanya uso wa huzuni. Huo ni uongo, na mtoto wa miaka saba atauona. Mimi huchukua kalamu nikapigia mstari neno ambalo mtu wangu anaelewa. Je, ni "kaondoka"? Huenda. Lakini kama baba huyu alikuwa na shaka tangu zamani, basi anaelewa kwenye "juzi", kwa namna tu binti alivyoliburuta neno lile, na yote yanayofuata anayasikia akiwa ameshajua. Kwenye "boti" tayari anafikiria atamwambia nini mkewe. Sini ni moja, maneno ni yale yale, lakini baba hawa wawili hawafanani kabisa, na wewe ndiye unayechagua yupi anaishi.

Na tamthilia nzuri ukishaiangalia mara moja kwa habari yake, iangalie tena umezima sauti kabisa, ukimfuata mtu mmoja tu wa pembeni. Mimi Kidenmark sikijui, na baada ya usiku wa tano nilimwambia mpwa wangu apumzike kufasiri.

Usiulize mwisho

Katika Jinai waigizaji walifichwa nani muuaji. Skripti zilikuja kidogo kidogo kadiri zilivyoandikwa, kwa hiyo kila mmoja aliigiza siku yake bila ya kujua kama yeye ndiye. Nikakumbuka mwongozaji mmoja hapa aliyenikabidhi kurasa tatu tu, nikakasirika, nikaona nimedharauliwa. Nilikosea. Sheha hajui mwisho wa habari. Anajua asubuhi hii kuna watu wawili mlangoni na chai inapoa. Ukipewa kurasa tatu, zifanye tatu hizo ziwe nyumba yako.

Na ukipewa skripti nzima, isome mara moja kwa ajili ya kuelewa, kisha zifunge sini ambazo mtu wako hayumo. Yeye hakuwepo, hakusikia.

Ukubwa wako uache nje

Hili nalisema kwa wale waliokwisha kujulikana kidogo. Jesper Christensen, aliyezaliwa Copenhagen mwaka 1948, kwao ni mwamba, mtu wa nafasi kubwa. Filamu za James Bond zilipomchukua, zilimpa Mr. White: dakika chache mwaka 2006, chache tena 2008, kisha 2015. Katika ile ya mwisho ni mgonjwa, amekaa peke yake ndani ya nyumba, na anamfungulia Bond njia ya habari yote. Huoni hata mara moja akidai zaidi ya alichopewa. Anaingia kama mtu mwenye shughuli nyingine kubwa mahali ambapo kamera haikwenda.

Kwetu nimewaona watu, na majina siyataji, ambao wakipewa sini moja huongeza maneno, huongeza kilio, huvua kofia na kuivaa. Mwishowe sini ya steringi imeharibika na hawaitwi tena. Ukipewa neno moja sema moja.

Na kwa anayedhani amechelewa: Lars Mikkelsen alisoma baiolojia kwanza, kisha akawa msanii wa mitaani anayerusha vitu hewani na kuvidaka, na skuli ya uigizaji aliimaliza mwaka 1995, umri umeshapita 30. Kwa hiyo wewe wa miaka 27 usinijie dukani na huzuni.

Siku ya shutingi

Fika kabla ya kuitwa. Usile kitu cha kuacha rangi mdomoni. Njoo na nguo mbili zako mwenyewe zinazoweza kufaa, zimepigwa pasi, kwani bajeti zetu hazina mtu wa nguo. Na mimi kama fundi nakwambia kanzu mpya iliyokosa kufuliwa hupiga kelele kwenye mikrofoni. Ifue mara tatu.

Beba daftari dogo. Hilo daftari limeniokoa mara nyingi kuliko kipaji. Baada ya kila kipande andika: kikombe kilikuwa mkono gani, kofia imeelekea wapi, kifungo kipi kiko wazi, nilisema neno gani nikiwa nakaa. Watarudia kipande hicho kutoka upande mwingine baada ya saa mbili, na kama kikombe kimehamia mkono mwingine, watakaokata picha watakuchukia au watakuondoa kabisa.

Nililijua hili kwa maumivu. Nilikuwa imamu wa mtaa, nimekaa na waumini tunakunywa kahawa. Mkono wa kulia nilishika pepeo kwa sababu ya joto, na joto lilikuwa la kweli. Waliposema tayari, kikombe nikakinyanyua kwa kushoto. Hakuna aliyeona pale, mimi mwenyewe sikuona. Ilipooneshwa, kisiwa kizima kiliona. Imamu anakunywa kwa kushoto! Mzee mmoja alinisimamisha Darajani, akaniambia kwa upole, "Fundi, umetuvunjia heshima." Sini ilikuwa ya kusamehe deni, sini nzuri, na hakuna aliyeikumbuka. Tangu siku ile, kabla ya kila kipande najiuliza mkono wangu wa kulia uko wapi na una nini. Ukiigiza kwenu, watazamaji ndio wenye mambo hayo. Ukikosea salamu, ukikosea namna ya kuvua viatu, ukimpa mkwe mkono kabla ya kumwamkia, wameshatoka kwenye habari.

Kungoja ndiyo sehemu ndefu ya siku. Utangoja saa sita kwa ajili ya dakika moja. Usilale, usicheze na simu mpaka macho yakawa mekundu. Mimi huchukua kazi ya mikono ya mtu wangu nikaifanya pembeni. Kwa sheha, nilikuwa nanakili majina ya majirani zangu kwenye daftari kwa mwandiko wa kiofisi.

Fedha

Wadenmark wana chama chao cha waigizaji tangu mwaka 1904. Wana tuzo ya Bodil inayotolewa tangu 1948 na ya Robert tangu 1984, na zote mbili zina zawadi maalumu kwa mwigizaji wa pembeni. Yaani huko ni ufundi unaojulikana kwa jina lake. Sisi bado hatujafika, kwa hiyo jilinde mwenyewe.

Usiingie kazini kwa ahadi ya mdomo. Prodyuza mmoja alinifanyisha kazi siku tisa, akaniambia malipo ni filamu ikiuzwa. Iliuzwa. Simu yake haikupokelewa tena. Siku hizi nina karatasi moja niliyoiandika kwa mkono nikaitoa nakala: jina langu, jina la filamu, siku ngapi, kiasi gani, nusu kabla, nusu siku ya mwisho kabla sijavua nguo, nauli na chakula juu ya nani, na jina langu liandikwe vipi mwishoni. Tunatia saini wote wawili. Mwenye nia njema hajawahi kukataa. Uliza pia kama kibali cha Baraza la Sanaa, Sensa, Filamu na Utamaduni kimepatikana, kwa sababu kazi isiyo na kibali ikisimamishwa, wewe wa pembeni ndiye wa mwisho kulipwa.

Na uwe na kazi nyingine. Nalisema kwa moyo mmoja, sioni aibu ndani yake. Cherehani imenifanya niweze kukataa nafasi mbovu, na wateja wangu ndio skuli yangu. Kadhi niliyemwigiza nimempata kwa mteja mmoja anayenyanyua kidevu kila ninapompima shingo.

Pa kuanzia

Usingoje filamu. Waigizaji wa Denmark hucheza jukwaani, huigiza redioni, huingiza sauti kwenye katuni za watoto. Filamu ni mlango mmoja tu wa nyumba. Michezo ya redio itakufundisha kwamba sauti ina umri na ina kazi. Michezo ya skuli na ya mitaani itakufundisha kutoogopa watu. Tamasha la filamu la ZIFF, lililoanzishwa mwaka 1997, likifika, nenda Ngome Kongwe jioni ukaangalie filamu za watu, na taa zikiwaka usikimbilie kupiga picha na mastaa. Mtafute aliyeigiza dereva, aliyeigiza muuguzi, muulize alijitayarisha vipi. Mara nyingi hakuna aliyewahi kumuuliza, na atakueleza mpaka wafagiaji waje.

Nyumbani kwako waeleze mapema. Bado wako wazee wanaoona muigizaji ni mhuni, na kwa mtoto wa kike neno ni kali zaidi. Mke wangu alinyamaza miaka miwili. Kilichomlainisha ni kumsomea skripti kila nikipata, na kumwachia aniambie lipi lisilofaa. Anasema kweli, na mara tatu amenizuia nisichukue nafasi ambayo leo ningeijutia.

Wiki ijayo nina sini moja Mkokotoni. Mnadi samaki, maneno manne, nyuma ya steringi ambaye ndiye anayepigwa picha. Mwongozaji ameniambia nisijisumbue. Kesho baada ya alfajiri nakwenda mnadani, nisimame karibu na mnadi, nimsikilize anavyovuta pumzi kabla ya kutaja bei, na nimwangalie mkono wake anapoushika mkia wa nguru kuuonesha kwa watu.